Kupe Wawili Sikioni

Sipendi kitu chochote chenye miguu minane, na sitaki kuhubiriwa juu ya jambo hilo. Nyumba yetu ya hapa mjini, mtaa wa Murara, ni ya mbao, imesimama juu ya mawe meusi ya volkano, na kila ufa kati ya jiwe na ubao una buibui wake. Asubuhi nafagia utando, jioni umerudi. Jirani yangu husema buibui anakula mbu, nimwache. Nimwache mimi? Akamlee kwake.

Chuki hii ina mwanzo. Nilipokuwa na miaka saba tulikimbia vita Masisi, tukaishi kwa muda katika mahema karibu na Kibati. Huko nilishikwa na upele. Mama alininyoa kichwa, akanipaka dawa ya manjano iliyonuka kiberiti, akanifunga mikono kwa vitambaa nisijikune hadi damu. Muuguzi alituambia kuna mdudu mdogo asiyeonekana kwa macho, anayechimba njia chini ya ngozi na kutaga mayai humo humo. Afadhali angenyamaza. Tulipohamia mjini, watoto wa shule walikataa kukaa nami benchi moja. "Mutoto wa kambi," walisema, huku wakijikuna kwa kunidhihaki. Tangu hapo nachemsha mashuka, napiga pasi kila mshono, na mtu akijikuna mbele yangu namkazia macho mpaka aondoke.

Na mtu wa namna hiyo ndiye aliyekabidhiwa ng'ombe.

Katika kundi zima alilokuwa nalo Masisi, baba alishuka na ng'ombe jike mmoja tu. Hatukuwa na godoro wala sufuria, ila ng'ombe tulikuwa naye. Uzao wake tunao mpaka leo, mmoja mmoja, nyuma ya nyumba, katika kizizi cha mbao ambacho mgeni hudhani ni choo. Miaka michache iliyopita alizaliwa ndama jike mwekundu, mwenye baka jeupe kwenye paji la uso, na siku hiyo hiyo baba akamtaja: huyu ni wa mahari atakayotoa mdogo wangu wa kiume. Mchumba wa mdogo wangu ni wa Kibumba, kwa watu wa mifugo, ambao hawakutaka kusikia habari ya pesa badala ya ng'ombe. Baba aliwapa neno lake kwamba watapata uzao wa yule aliyeshuka Masisi.

Baba mwenyewe hafiki kizizini. Mguu wake mmoja ulivunjika tukikimbia, ukaunga vibaya, na kutoka mlangoni hadi kwa ng'ombe ni mawe makali matupu. Kwa hiyo yeye alikaa mlangoni akiamuru, nami nikafanya kazi.

Majani tuliletewa na mtu wa Kibati, amerundika chukudu yake, ile baiskeli ya mbao ya kusukuma, mpaka yeye mwenyewe haonekani. Ndani ya majani walikuja kupe. Siku ya kwanza kumwona mmoja katika sikio la ndama, amevimba, rangi ya zabibu iliyooza, nilipiga kelele hadi jirani akaja na panga.

"Toa yote," baba alisema, "lakini kwa masikio ya ule mutoto bakisha mbili."

"Juu ya nini, papa?"

"Ni vile tunafanyaka. Mutoto wa ngombe anapashwa kuzoea."

Alifundishwa na baba yake, naye na wake. Alisema ndama wengine huugua kidogo, wengine hata hufa, lakini anayeinuka hasumbuliwi tena. Nilisikia maneno hayo nikaona ni uchafu wa milimani uliopewa heshima ya mila. Moyoni bado nilikuwa na kichwa kilichonyolewa, bado nilikuwa na vitambaa mikononi. Mtu angeniambia mimi nibakishe kupe!

Niliwatoa wote. Nilitumia kibanio cha nyusi, na kila mmoja nilimdondosha katika kopo la mafuta ya taa nikamtazama akikunja miguu. Nilifurahi, nasema kweli. Nilinunua dawa, nikajaza pompi, nikampulizia ndama kila wiki mpaka akanuka kama duka la dawa. Majani niliyakung'uta juu ya gunia kabla hajayala. Kila Jumapili tukitoka kanisani, baba, ambaye huniita mama kama kwetu binti anavyoitwa, aliniuliza swali lile lile.

"Mama, zile mbili ziko?"

"Ziko, papa."

Sikupepesa macho. Niliona namdanganya kwa faida yake. Ndama alikua, ngozi yake ikang'aa, wageni wakasimama kumtazama, na sifa nilizipokea mimi. Baba alitabasamu akidhani ni kazi ya mkono wake.

Alipokuwa mtamba, barabara ya kaskazini ikiwa shwari, mdogo wangu alimfunga kamba mpya akamwongoza kwa miguu hadi Kibumba. Wakwe walimpokea kwa nyimbo. Siku ya harusi ikapangwa. Mtamba akapelekwa malishoni pamoja na wengine, kule ambako nyasi zinapakana na pori.

Hakumaliza mwezi. Alianza kuvimba chini ya masikio, akawaka homa, akaacha kula. Mwishowe povu likamtoka puani, akapumua kama mtu anayezama, akafa. Ng'ombe wenzake, wenye kupe hadi kwenye kope, walikuwa wanacheua pembeni.

Wakwe walikuja Murara watu watatu, na msemaji alikuwa baba mdogo wa binti. Alikataa kiti mara ya kwanza. Nilikuwa nimeshika birika la chai.

"Muzee," alimwambia baba, "mulitupatia ngombe ya mugonjwa. Mutoto wetu atabaki kwetu."

"Ile ngombe ilikuwa muzima," baba akasema.

"Veterineri yetu alisema ni homa ya kupe. Alisema yenye ilikulia kati ya kupe haiwezi kufa vile. Hii yenu haikuyajua hata siku moja. Ni ngombe gani ya mufugaji haijue kupe? Mulitoa wapi hii kitu?"

Hapo baba aliinuka. Sijui aliwezaje bila fimbo. Alisema yeye amelala kati ya ng'ombe kabla hajajua kutembea, kwamba kupe wawili walikuwa katika masikio ya yule mtamba tangu wiki ya kwanza, na kwamba Mungu amwondoe pale pale kama anasema uongo. Mdogo wangu alikuwa ameinamisha kichwa. Kisha baba akanigeukia.

"Mama, kuya. Waambie."

Ningeweza kusema "ziko" mara moja tu zaidi. Neno lilikuwa limezoea mdomo wangu. Lakini alikuwa ameapa, na kiapo chake alikisimamisha juu ya Jumapili zangu zote.

"Papa hakudanganya," nikasema. "Ni mimi. Nilikuwa nayatoa yote. Minamudanganya papa kila Jumapili."

Baba aliketi. Baba mdogo wa binti ndiye aliyecheka, kicheko kifupi kibaya, akasema basi ni ujinga wa mtoto wa mjini, si ubaya wa ukoo. Chai wakainywa. Kabla ya kuondoka walikubali kungoja: ng'ombe wetu, mama wa yule mtamba aliyekufa, alikuwa na mimba nyingine, na akizaa jike, akalelewa kama ng'ombe anavyolelewa, harusi itakuwepo. Mdogo wangu aliwasindikiza hadi barabarani. Aliporudi alipita mbele yangu kama anayepita mbele ya ukuta.

Kesho yake nilikwenda dukani nilikonunua dawa, nikamuuliza muuzaji, ambaye ni veterineri, kama kweli niliua kwa usafi. Alisema dawa si kosa, kosa ni kumlea asiyejua kitu halafu kumpeleka penye kila kitu. Akaniambia pia, akiona ni jambo la kuchekesha, kwamba kupe si mdudu wa kawaida: yeye, buibui na yule wa upele ni ukoo mmoja, hesabu miguu. Mimi sikucheka. Nilijua siku zote ni jeshi moja.

Ng'ombe amezaa jike. Ana mwezi mzima leo. Asubuhi alipotimiza wiki mbili, nilikung'uta majani juu ya gunia kama zamani, ila safari hii nilikuwa natafuta. Nilipata kupe wadogo, wenye njaa, wanatapatapa. Nilimshika mmoja kwa vidole, bila kibanio, na mwili wangu wote ukawasha kuanzia kichwani. Namchukia. Nikamweka ndani ya sikio la ndama, nikalikunja sikio, nikangoja amng'ate. Nikaweka wa pili.

Kisha nikasikia fimbo juu ya mawe. Baba alikuwa anakuja, hatua moja, anapumzika, hatua nyingine, na damu ilikuwa imemtoka kwenye kifundo cha mguu. Nilikimbia kumshika mkono, akauondoa. Aliinama, akalifungua sikio la ndama, akatazama kwa muda mrefu.

"Ziko, papa," nikasema.

Alihesabu mwenyewe kwa kidole, moja, mbili, akageuka kurudi. Jumapili haniulizi tena. Kila asubuhi anavuka mawe yale kuja kujionea.