Dawa ya Kunyamazisha Kifua

Harufu ya dawa ile ya kikohozi ilikuwa tamu, tamu ya kuchefua, kama peremende iliyosahauliwa juani, na ilikaa ndani ya nyumba yetu ya Samuye msimu mzima wa kuvuna pamba. Baba alikuwa amerudi kutoka machimbo ya Geita, alikokuwa akilisha mawe kwenye karasha, ile mashine inayosaga mwamba hadi uwe unga ili dhahabu itafutwe ndani yake. Unga ule ulimwingia kifuani. Alikohoa akifungulia ng'ombe, alikohoa akisalimiwa, na mtu aliyempa shikamoo ilibidi asubiri kikohozi kipite ndipo aitikiwe marahaba. Mimi Kabula, mtoto wa kwanza, nilikuwa kidato cha pili, na kikohozi kile kilikuwa kimenichosha kama mgeni asiyeaga. Nasema hivyo bila haya. Watoto nao huchoka, ila hakuna anayewauliza.

Baba mwenyewe alichokiogopa zaidi kilikuwa uji. Kule Geita alitaka kupata nafasi kwenye duara, yaani shimo la wachimbaji, na mwenye duara huyo alikuwa na utaratibu wake wa kupokea watu. Hakuomba cheti. Asubuhi aliwaketisha wageni, akawapa uji wa moto wa kufukiza uso, akanywa nao huku akisikiliza. Mwenye kifua kibovu akivuta mvuke ule atakohoa tu, apende asipende, na akishakohoa anaachwa amalize bakuli lake kwa heshima kisha anatakiwa safari njema. Watu waliogopa kifua kikuu kule chini kwenye hewa finyu, na siwezi kuwalaumu. Baba alikwisha kutakiwa safari njema. Akiwa njiani kurudi nyumbani alishuka Kagongwa, akanunua ile dawa, na tangu siku hiyo mama alimpikia uji wa moto kila asubuhi ili afanye mazoezi. Mimi na wadogo zangu tulikaa kimya tukimtazama mtu mzima akijifunza kunywa uji.

Dawa ilifanya kazi. Ilifika asubuhi baba akamaliza bakuli zima, macho yamemlegea, jasho linamtoka, lakini kifua kimetulia tuli. Mama akaanza kucheka peke yake. Siku ile aliimba akichambua pamba, jambo ambalo hatukuwa tumelisikia tangu baba arudi, na kila jirani aliyepita aliambiwa kwamba Baba Kabula amepona. Tukachinjiwa jogoo. Na mimi nilikula nikashiba, nikiamini.

Wiki hiyohiyo madam wetu wa Kiingereza aliandika ubaoni neno suppress. Alikuwa mwanamke mrefu aliyetokea Mbeya, na kufika saa nne asubuhi alikuwa ameshachoka nasi. Hakupenda tafsiri ya neno moja. Alitaka tuone neno likitumika. Akatupa sentensi: serikali inazima uasi, mkubwa anaizuia habari isitoke, mwanafunzi anabana kicheko mbele ya mwalimu. Hapo darasa zima lilibana kicheko kweli, likashindwa. Mimi sikucheka, kwa sababu neno lile nilikuwa nimeliona kwenye chupa ya baba, limeongezwa mkia kidogo, likitanguliwa na cough, yaani kikohozi. Nilinyoosha mkono nikauliza kama kitu kikifanyiwa hivyo kinakuwa kimekwisha. Madam aliweka chaki chini. Akasema hapana, waasi waliozimwa bado wapo, wamenyamazishwa tu, na mkono unaowakandamiza ukilegea wanainuka. Kisha akaniuliza kwa nini nimetaka kujua. Nikasema nimeuliza tu.

Jioni nilimkuta baba nyuma ya nyumba akishona gunia la pamba lililopasuka. Nilimweleza kwa Kisukuma, maana kwa Kiswahili ningejisikia kama ninamsomea risala. Nilisema dawa ile haitibu, inakifunga kifua mdomo, na kwamba twende hospitali Shinyanga. Hakushtuka. Aliendelea kushona.

"Najua, mayu," alisema, akiniita mama kama alivyozoea. "Muuzaji aliniambia palepale dukani. Sikuinunua inipe uzima. Niliinunua ninyamaze mpaka uji uishe."

Nilimsihi. Akasema hospitali watamwambia apumzike, na akipumzika nani atawalisha wadogo zangu, nani atanilipia mimi shule. Kisha akakata uzi kwa meno, akaniomba nimwache mama na furaha yake. Pamba ilipokwisha kupimwa aliondoka. Uji aliunywa, nafasi akapata, akafanya kazi huko miaka michache, akarudi amekonda tukamzika. Nilikuwa chuo cha ualimu wakati huo. Mama hakuacha kusema kwamba mume wake alipona kabisa msimu ule, ugonjwa uliomuua ulikuwa mwingine.

Leo nafundisha Kiingereza mjini Shinyanga. Kila mwaka neno lile linafika, na kabla sijageuka kutoka ubaoni wanafunzi wameshalitafuta kwenye simu chini ya dawati. Wanaandika serikali na waasi, nami naweka alama ya vema. Nasikia machimboni siku hizi kuna wanaopita na vipimo vya kifua, na baadhi ya vijana wanavaa barakoa. Vumbi la karasha ni lilelile. Likizo iliyopita nilikuwa Samuye, na mama alinieleza kwamba Masanja, kijana wa jirani, amerudi kutoka Geita anakohoa usiku kucha na anataka kurudi kazini haraka.

"Ile dawa iliyomponya baba yako iliitwaje?" aliniuliza. "Wewe ndiye uliyekuwa unasoma."

Nilikuwa nimechoka kunyamaza kuliko nilivyojua. Nikamwambia yote, dawa ilikuwa ya nini, na kwamba baba alijua. Mama aliendelea kupepeta mchele, taratibu, hata baada ya makapi kwisha.

"Basi huyo kijana mpelekeni hospitali, kesho asubuhi," alisema. "Mimi niachie Baba Kabula wangu aliyepona."