Mshona Kitabu cha Saa

Bibi mshona vitabu alikuwa akikishona upya Kitabu cha Saa tangu usichana wake. Kila wakubwa wa jumba walipokisoma ili kurefusha karamu zao, mtaa wa wafinyanzi, alikoishi Bibi, ulinyang'anywa jioni yake: jua liko utosini, mara giza totoro. Wala hakuna mkubwa aliyeona haya. Lakini kila kisomo kililegeza kurasa, na kitabu kisichoshonwa hakikuwa na nguvu.

Siku mjukuu wake alipomuuliza, "Bibi, jioni ndiyo kitu gani?" Bibi alikwenda kazini jumbani akaukata uzi wote wa kitabu kile.

"Bibi, umerukwa na akili? Wageni wameshaketi!" msimamizi wa jumba alifoka.

"Basi wale mbiombio, mwanangu, kama tunavyokula sisi."

"Nitamwita mshonaji mwingine!"

"Mwite. Wote ni majirani zangu, na tumeshakubaliana."

Alichukua sindano yake akarudi nyumbani. Mjukuu alisimama mlangoni, akiuogopa mwanga wa manjano uliotambaa ukutani.

"Usiogope, mume wangu," Bibi alimwambia. "Jioni ndiyo hii. Ni haki yako, nenda ukacheze."