Michongoma Niliyoomba Ikatwe

Leo nimetoka na simu kwenda kupiga picha za kujisifia. Nimerudi sina hata moja ya kuposti.

Ile njia ya miguu ya huku kwetu Kiembe Samaki, manispaa imeshamaliza kuitengeneza. Matofali, mabenchi, taa. Kwenye mkutano wa mtaa kwa sheha walituuliza tunataka nini, na mie ndiye niliyesimama nikasema: kateni michongoma yote ya pembeni, pawe wazi, papendeze.

Wanaume watupu mle ndani. Wakanipigia makofi, wallahi.

Basi leo alasiri nimefika, njia inang'aa. Wanawake wanaofanya mazoezi pale kila siku, hata mmoja hayupo.

Jirani yetu Bi Zuhura nimemkuta mlangoni kwake.

"Shikamoo Bi Zuhura. Mbona leo hamtembei?"

"Marahaba. Tutembee wapi, mwanangu? Ile michongoma ndiyo iliyokuwa stara yetu. Sasa tunyooshe viungo, kijiwe kizima cha wanaume kinatutazama?"

Nikaitia simu mfukoni.

Kufika nyumbani, namkuta mama anazunguka ukumbini. Daktari kamwambia atembee kila siku, kwa ajili ya sukari. Kochi, friji. Kochi, friji.

"Mama, kwa nini hukunambia?"

"Kwani uliniuliza?"

Wala hakusimama.

Jamani, wenye kujua mambo ya bustani, nijibuni kweli: mchongoma ukipandwa leo, unachukua miaka mingapi kumpita mama yangu kimo?