Mjane Aliyekwama Siku ya Kombe

Merridy Pascoe alikuwa na kigugumizi cha kugawia mtaa mzima na kingine kikabaki. Maneno hayo si yangu, ni yake mwenyewe, na aliyasema kwa kucheka, ingawa kuyafikisha mwisho kulimtoa jasho. Herufi iliyomtesa kuliko zote ilikuwa M, ikifuatiwa na P. Sasa tazama wazazi walivyomtendea: wakamwita Merridy, juu ya ukoo wa Pascoe! Mwalimu mgeni akimuuliza jina, darasa zima pale mjini kwao Ballarat lilijiweka sawa, maana burudani ya bure imefika.

Lakini umwambie aimbe. Ee, hapo ndipo ungemjua! Kanisani kwao sauti ilimtoka kama siagi kwenye mkate wa moto, haikwami wala haitetereki, na mtoto aliyeshindwa kuomba maji asubuhi aliimba tenzi ndefu bila kumeza mate. Wazee wa kanisa walitikisa vichwa. Wapo waliodhani anajifanya, na mmoja akathubutu kumwambia hivyo usoni, mpumbavu yule.

Mama yake, Thirza, mke wa mwoka mikate, alikuwa na dawa yake ya kigugumizi, nayo ni kummalizia. Mtoto akianza "M-m-m," mama alidaka hapohapo, "Maziwa!" Alifanya kwa mapenzi, siwezi kumsingizia. Hakustahimili kumwona mwanawe akihangaika na uso umemwiva. Tatizo ni kwamba mara nyingi alikosea. Mtoto alitaka mpira, akaletewa maziwa, naye akayanywa kuliko kuanza upya. Merridy alikunywa maziwa mengi mno utotoni.

Alipokuwa msichana mkubwa aliingia duka la mikate na kusimama mbele ya mama yake.

"Mama, nakwenda Melbourne. Nataka kuwa m-m-m—"

"Mwalimu?"

"M-m—"

"Mkunga! Baba Merridy, njoo usikie, mtoto anataka kuwa mkunga!"

"Mwigizaji!" Neno lilimtoka kwa hasira mpaka baba mtu akaangusha trei.

Mama alicheka, akafuta macho kwa aproni, kisha akaona binti hacheki. "Mwanangu, wewe imba. Imba harusini, imba kanisani, nani amekukataza? Lakini huko jukwaani watu wanasema. Wanasema kutwa kucha! Utasimama na nani wa kukusaidia?"

"Nitajua hukohuko," Merridy akasema, na wiki hiyohiyo akapanda treni.

Melbourne haikumpokea kwa matarumbeta. Alikwenda kwenye majaribio ya kila tamthilia ya nyimbo iliyotangazwa. Akiimba, mabwana waliokaa kwenye viti vya mbele walisahau sigara zao zikawaunguza vidole. Halafu wanampa ukurasa asome. "M-m-m," na mabwana wanaanza kutazama viatu vyao. "Ahsante sana, mpenzi, tutakupigia simu." Nyumba aliyopanga haikuwa hata na simu.

Walimchukua, ndiyo, lakini nyuma kabisa, kwenye safu ya waimbaji. Alikuwa mtawa, alikuwa mchumba wa baharia, alikuwa mama muuza samaki na kapu la samaki wa karatasi. Kila mhusika duniani asiyefungua mdomo ila kuimba, Merridy alimcheza. Wenzake walianza nyuma pamoja naye, wakapata mstari mmoja, wakapata miwili, wakapanda. Yeye akabaki palepale na kapu lake. Ilimuuma. Usiku mwingine alilia, asubuhi akapiga moyo konde, akashuka pwani ya St Kilda kuusomea upepo magazeti kwa sauti, na wavuvi wa gatini wakamzoea kama wanavyowazoea shakwe. Rafiki yake Gwenda Skene, aliyekaa naye chumba kimoja cha kuvalia, alimwambia aolewe tu na mwoka mikate mwingine. "Olewa wewe," Merridy alimjibu, na hapo hakukwama hata kidogo.

Aliyemfungulia njia alikuwa Con Vlahos, kiongozi wa muziki, Mgriki wa mtaa wa Fitzroy mwenye tumbo la heshima na mapenzi ya mbio za farasi yaliyompita kimo. Siku moja kwenye mazoezi Con alikuwa anachezacheza na piano huku Merridy anamsimulia jambo, naye akasimulia mwanzo mpaka mwisho pasipo kugota popote. Con akaacha kupiga. Merridy akakwama. Akapiga tena, maneno yakatiririka.

"Aisee," Con akasema. "Kumbe dawa yako ninayo mimi!"

Wanamuziki wana mtindo wanaouita kuzungusha. Mwigizaji akichelewa, bendi hurudia vipande viwili vilevile vya wimbo polepole, tena na tena, mpaka atakapokuwa tayari. Con akasema: nitakuzungushia chini ya kila neno lako, wewe panda juu ya mapigo useme, na hakuna atakayejua. Akaenda kwa mwongozaji Desmond Fairlie, aliyekuwa anatafuta stelingi wa tamthilia yake mpya, *Mjane wa Baa*, akamshika mkono asikilize. Desmond alisikiliza. Alikuwa mtu wa haki lakini si mtu wa huruma.

"Nafasi ni yako," akamwambia. "Ila nikuambie mapema, Merridy, watu wanalipa kiingilio. Ukikwama mbele yao mara moja, mara moja tu, Gwenda anavaa gauni lako na wewe unarudi nyuma. Tumeelewana?"

Merridy akaitikia kwa kichwa. Gwenda, ambaye alikuwa amepewa kujifunza nafasi hiyo kama akiba, alitazama dari.

Basi *Mjane wa Baa* ikapasua anga. Magazeti yakaandika kwamba haijapata kuonekana sauti kama ile, na kwamba hata mazungumzo yake yana wimbo ndani. Jumba likawa linajaa. Wenye kukata tiketi walipinda kona ya barabara wakiwa na miavuli. Merridy alisoma sifa hizo, na kila alipofika mahali palipoandikwa "mazungumzo yake yana wimbo," mate yalimwia machungu. Wanamsifu nani hapa, mimi au piano?

"Con, siku moja tujaribu b-bila," alimwomba.

"Bila nini?"

"Bila kuzungusha. Kwenye hotuba tu, ile ya mjane mlangoni."

"Una wazimu? Mambo yanakwenda, unataka uyachokoze! Kula sifa zako, mama, ulale."

Ikafika Jumanne ya Kombe, siku ya mbio kubwa za farasi. Mtu wa Melbourne hahitaji kuambiwa maana yake. Siku hiyo hata daktari wa meno husimama na koleo mkononi mpaka farasi wamefika. Mwenye jumba akaona mjini kumejaa wageni, akatangaza onyesho la mchana. Desmond alikataa kufika, alikuwa kwenye mbio, uwanjani Flemington, na kofia yake ndefu. Na kutoka Ballarat lilifika basi la akina mama wa kanisa, wote na makofia yenye maua, na katikati yao, safu ya tatu, Bibi Thirza Pascoe. Hakuwa amewahi kumwona binti yake akisema jukwaani. Alikuwa ameweka mkono kifuani tangu taa zilipozimwa.

"Kuku!" waigizaji walipigiana kelele nyuma ya pazia, maana kule hawatakiani heri kwa jina lake, hutajiana kuku, na anayekosea huonekana amelaani onyesho.

Mambo yalikwenda vizuri mpaka hotuba. Hapo mwenye mgodi anaingia baa na watu wake kumtoa mjane, na mjane anasimama mlangoni na kumwambia: "Mume wangu mlimchukua. Wanangu mliwachukua. Mlango huu hamuuchukui." Aliyeiandika alikuwa na ugomvi gani na Merridy, Mungu ndiye ajuaye, kwa zile M zake.

Na saa hiyohiyo, Flemington, farasi walikuwa wanatoka.

Con alikuwa na redio ndogo ya betri chini ya karatasi zake za muziki, waya sikioni, na dau zito juu ya farasi aitwaye Bwana Harusi. Aliongoza kwa mkono wa kushoto. Mkono ukazunguka, bendi ikazungusha, Merridy akapanda juu ya mapigo.

"Mume wangu mlimchukua," akasema. "Wanangu mliwachukua."

Farasi wakaikata kona ya mwisho. Mkono wa Con ukasimama hewani. Bendi, kwa kuwa bendi hufuata mkono, nayo ikasimama. Kukawa kimya, ila kutoka kwenye mikoba na mifuko ya makoti ikasikika sauti nyembamba ya mtangazaji akipayuka, maana Con hakuwa peke yake.

"M-m-m—" akasema Merridy.

Aliona kila kitu kwa wakati mmoja. Alimwona Gwenda pembeni ya pazia, mikono mdomoni. Alimwona Con na macho yaliyoganda, hayupo, yuko Flemington. Akajua amekwisha. Kisha akakumbuka kwamba njia ipo: angeweza kuliimba. Aliimbe tu neno hilo moja, lipite, waseme ndivyo lilivyoandikwa. Pumzi alishaivuta. Lakini mjane gani huyo anayemwimbia mwizi wake? Ukiyavulia maji nguo sharti uyaoge. Akaifungia pumzi ile ndani na kurudi kwenye neno.

"M-m-m-m—"

Mtu akakohoa. Mtu mwingine akacheka kidogo, kwa aibu. Na hapo, kutoka safu ya tatu, chini ya kofia yenye maua, sauti ikapanda kubwa na safi, sauti ya mtu aliyekuwa akifanya kazi hiyo miaka yote:

"Mlango!"

Jumba likaguna. Merridy akageuza shingo. Hata yule mwenye mgodi wa uongo, aliyekuwa na masharubu ya gundi, alisahau kuwa mwenye mgodi.

"M-mama," Merridy akasema, mbele ya jumba zima. "N-nyamaza. Neno ni langu."

Kisha akamrudia mwenye mgodi. Hakuharakisha. "M-m-m," akasema, akapiga hatua moja kwenda mbele. "M-m-m," akapiga nyingine, na yule bwana akarudi nyuma, wala hakuwa akiigiza. Kila M ilitoka kama mtu anayesukuma kabati zito peke yake na hataki msaada. Mahali fulani ukumbini mtu akazima redio, tak. Kisha mwingine. Con naye akachomoa waya sikioni. "M-m-mlango huu," akasema Merridy Pascoe, machozi yakimchuruzika na kidevu kikiwa juu, "hamuuchukui."

Makofi yalipolipuka, Con alishtuka kama aliyeamshwa, akaupiga wimbo wa kufungia sehemu ya kwanza kwa haraka isiyofaa.

Bibi Thirza alimfuata chumba cha kuvalia wakati wa mapumziko, kofia imemkaa upande.

"Nilikuwa nakusaidia."

"Najua, mama."

"Umenifokea mbele ya akina mama wa kanisa! Na mke wa mchungaji kakaa pembeni yangu!"

"Ndiyo, mama."

Bibi akakaa kwenye kiti cha Gwenda. "Nilidhani nitakufa pale nilipokaa," akasema. "Nikataka nikushike mkono nikutoe. Halafu nikatazama huku na huku. Hakuna aliyekuwa anakuonea huruma, Merridy. Walikuwa wanamwogopa yule mjane. Na mimi pia nilimwogopa."

Merridy alimkumbatia, kofia, maua na yote.

Baadaye yalikuja mengi. Alimcheza mjane yule Sydney na Adelaide, akavuka maji kwenda Wellington, akacheza wengine wakubwa zaidi, na wasichana waliokuja kuchukua nafasi zake waliulizwa na magazeti kwa nini wao hawakwami. Lakini hayo yote yangeweza kufia pale Jumatano, mchana, Desmond Fairlie alipomkuta jukwaani na kofia yake ya Flemington bado iko kichwani. Alishasikia. Melbourne ni kijiji.

"Ulikwama," akasema.

"Nilikwama."

"Na tulikubaliana."

"Tulikubaliana. Na leo nitakwama tena, Desmond, kwa sababu Con hapigi kwenye hotuba. Leo wala kesho. K-kama humtaki mjane huyo, gauni lile pale. M-m-m—" Desmond akafungua mdomo, Merridy akamwinulia kidole, akasubiri neno lake mwenyewe. "Mvalishe Gwenda."

"Mimi nivae?" Gwenda akadakia kutoka nyuma. "Baada ya ile ya jana? Thubutu! Tafuta mwendawazimu mwingine."

Desmond akageukia shimo la bendi. Con alikuwa amekaa, mikono mifukoni, bila redio.

"Na watu walifanya nini, alipokwama?"

"Walingoja."

"Wakangoja? Siku ya Kombe?"

"Siku ya Kombe," akasema Con Vlahos. "Mimi mwenyewe mpaka sasa sijui farasi wangu aliishia wapi."

Desmond akavua kofia. Merridy alishalichukua gauni, anakwenda kulivaa.