Nyota Iliyokosa Marehemu

Kaka yangu alikuwa na nyota yake, na msinicheke. Si hizi za juu mnazoziona. Ilikuwa ya ulimwengu mwingine, aliyoitunga mwenyewe tukichuma pareto shambani kwetu, juu ya Kebirigo, miaka michache baada ya uhuru. Mimi nilikuwa darasa la nne. Yeye alikuwa amemaliza la saba na nafasi ya sekondari hakupata. Mikono yake ilichuma, lakini akili haikuwepo.

Tabia za nyota ile alizijua kama mtu anavyojua ng'ombe wake. Ilikuwa matabaka matabaka kama kitunguu, na tabaka moja likiisha kuungua, unga mweupe ulianguka juu ya nchi, watu wakauzoa wakapaka kuta. Kwa hiyo kila kizazi kilikuwa na nyota ndogo kuliko ya baba zao. Mwanga wake ulikuwa mzito na ulitembea polepole. Ukitoka nje asubuhi unauona ndiyo kwanza uko kilima cha pili, unakuja; unaweza kwenda mtoni kuteka maji ukarudi kabla haujakufikia. Nikamuuliza, "Na mvua ikinyesha?" Akasema mwanga unalowa, na siku hiyo yote inakuwa ya kijani. Nikaamini! Wazee wa huko walisema nyota ilitoka kwenye chungu cha mwanamke aliyefunua uji kabla haujaiva, ndiyo maana upande mmoja ilibaki mbichi, na upande huo ukiwageukia, baridi inaingia.

Haya yote tuliyasema kwa Kiswahili cha shule. Nyumbani ni Ekegusii tu, na Kiswahili cha Mama kilikuwa cha kununulia chumvi Keroka. Alichuma mistari miwili kutoka kwetu na alidhani tunadurusu masomo.

Nyota haikuwa na jina. Nilimsumbua kaka sana juu ya hilo, akakataa katakata. "Jina huachwa na mtu aliyekufa," alisema. "Huko bado hajafa mtu tunayemjua." Kwetu ndivyo ilivyo. Mtoto hupewa jina la marehemu wa ukoo, na hakuna anayelitoa jina la mtu anayepumua. Hata katika mchezo hakuthubutu.

Kisha akaenda Kericho kuchuma chai ya watu. Barua ilikuja moja, halafu kimya. Msimu ukapita, wa pili ukapita. Nilikuwa na hasira naye kwa sababu aliniacha na pareto yote ile, na nyota sikuweza kuiendesha peke yangu; kila nilichoongeza kilikuwa cha kipumbavu. Siku moja nikasimama katikati ya mistari nikapaza sauti, "Kuanzia leo jina limetolewa!" Nikalitaja jina la kaka, lote, na la Baba nyuma yake.

Waswahili wamesema afadhali kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi. Mama hakujua habari ya nyota yoyote, lakini "jina limetolewa" alielewa vizuri sana. Aliweka kikapu chini taratibu. Akaniuliza kwa Ekegusii, "Nani amekuambia?"

Nilidhani ananiuliza kuhusu mchezo. Nikamjibu, "Hakuna. Nimejua tu mwenyewe."

Akapiga ukemi. Sijausikia mwingine wa namna ile, na nimezika watu wengi. Kufikia saa tisa boma lilikuwa limejaa majirani, wanawake wameketi chini, na mimi nashika huyu na yule nikisema ni nyota, ni nyota tu. Nani anasikiliza habari za nyota kwenye kilio? Shangazi alinipa mtoto nibebe ninyamaze.

Baba mdogo akatumwa Kericho kuleta maiti. Alirudi siku ya nne bila maiti. Alimkuta kaka mzima, anakula ugali. Alimweleza kisa huku akicheka, akamwambia haya, njoo mama yako akuone. Kaka hakucheka. Aliuliza ni nani aliyelia kwanza. Akaambiwa ni mama yako. "Sasa mtu aliyeliliwa na mama yake," akasema, "anaingia bomani kwa mlango gani?" Baba mdogo alirudi huko tena na kondoo wa kumtakasa ameahidiwa na maombi ya kanisa yamepangwa, akakuta kaka ameshaacha kazi na hakuna anayejua alikoelekea.

Hakuna aliyenichapa. Afadhali wangenichapa. Nilikuwa kama mguu ulioukalia: upo, lakini hauna habari. Nilichuma, nikaenda shule, siku ya Sabato nikaimba. Nilijaribu mara moja kuifikiria nyota, nikaona pareto.

Watoto wengi wa kiume walizaliwa kwenye ukoo wetu miaka iliyofuata, na kila aliyeulizia jina la kaka, Mama alimkatiza, "Huyo yuko." Hapakuwa na mjadala. Mke wa baba mdogo alijaribu kubishana naye, hawakusalimiana mwaka mzima.

Nikaolewa Nyakoe. Mwanangu wa pili alipozaliwa, zamu ilikuwa ya ukoo wetu kumpa jina, Mama akaja. Tuliketi jikoni, mtoto analia, wanawake wanamtajia marehemu wetu mmoja mmoja kwa sauti: babu, ndugu ya babu, yule aliyekufa vitani. Mtoto hunyamaza akisikia jina lake; huyu alikataa wote. Mama akamchukua, akamweka mapajani, akamwita kwa jina la kaka.

Mtoto akanyamaza. "Mama," nikasema, "kuna habari imekuja?"

"Hakuna," akasema. "Nimechoka kumwachia chakula."

Akanirudishia mtoto nimnyonyeshe.