Sauti ya Liévin ndani ya wimbo

Zamani, Paluku alipokuwa meneja wa orkestra, hakuwahi kukaa peke yake. Akija mpiga gitaa, nyuma yake wanafuata wachezaji, na mtu wa redio anangoja kaseti na maneno matamu. Siku hizi kazi yote ni simu. Alikuwa akikaa chumbani kwake katika mtaa wa Ruashi, nyumba isiyopigwa lipu bado, anapandisha nyimbo mtandaoni na kuwajibu mashabiki. Mkewe Adolphine alikuwa Kasenga kwenye biashara ya samaki, anarudi anaporudi.

Msanii aliyebaki naye alikuwa Graciella tu. Januari ya 2025, Graciella na mumewe Liévin walipanda ndege kwenda Goma kumzika mama wa Liévin. Kabla matanga hayajaisha, vita vikaingia mjini. Paluku akapiga simu, akapiga tena, hazikupita.

Kabla ya safari alikuwa ameupandisha wimbo wao mpya, wimbo wa mapenzi na utani. Graciella anamuuliza mumewe yuko wapi hata chakula kinapoa, na katikati Liévin mwenyewe, ambaye si mwimbaji, anajibu kwamba anakuja: "Niko mu njia, bibi, niko nakuya." Wimbo ulikuwa umelala mtandaoni bila msikilizaji. Goma ilipoanguka, watu waliopotezana na ndugu zao wakaukuta, wakauweka kwenye video zao, na ukasikika Bukavu, Nairobi, hadi Ulaya. Kitu alichokihangaikia Paluku miaka yote kilimjia akiwa hana wa kumwambia.

Mashabiki wakaandika: "Dada, uko salama?" Paluku akajibu kwa jina la Graciella, kama alivyozoea: "Niko salama, mutuombee." Kisha akaiweka simu kifudifudi, maana hakujua kama alichoandika ni kweli.

Siku moja ikaita namba ya Uganda.

"Papa Paluku, ni miye."

"Graciella! Mungu wangu! Uko wapi? Na Liévin?"

"Tulimuzika kule Goma. Risasi ilipita mu ukuta."

Paluku akampa pole.

"Ile wimbo, papa," Graciella akaendelea. "Huku ku kambi ya wakimbizi iko mu kila telefone. Nasimama ku foleni ya maji, namusikia anasema anakuya. Utoe ku mtandao."

"Mutoto yangu, bantu banalilia mu ile wimbo ndugu zabo balikufa. Ngoja kwanza kidogo."

"Kwao ni wimbo. Kwangu ni bwana yangu. Utoe, papa."

Namba ya siri ya akaunti alikuwa nayo Paluku peke yake. Angeweza kusema mtandao umegoma, na Graciella angeamini. Wazo hilo lilimjia, akalikalia mpaka chai ikapoa mbele yake. Halafu akaufuta wimbo. Alipomwandikia Graciella, jibu lilikuwa fupi: "Aksanti, papa."

Lakini cha mtandaoni hakirudi mfukoni. Wiki haikuisha, Liévin akaanza kusema kwenye spika za baa ya jirani. Paluku akaingia, akamwomba mwenye baa, Chomba, azime.

"Juu ya nini?" Chomba akashangaa. "Iko wimbo muzuri."

"Mwenyewe ameomba."

"Mwenyewe ni nani? Ni wewe?"

"Hapana," akasema Paluku. Chomba akauruka ule wimbo, akaweka mwingine, akaendelea kufuta meza.

Jioni hiyo Paluku akampigia Graciella. "Nimeshindwa. Wetu niliutoa, lakini tayari iko mu telefone za bantu."

"Najua, papa. Hata hapa bado unapigwa." Kisha akauliza: "Mama Adolphine ameshafika?"

"Bado. Labda samaki ni haba."

Hakuna aliyekata simu. Upande wa Graciella watu walikuwa wakigombania bidoni za maji kwa lugha ambayo Paluku hakuielewa. Alisikiliza tu, kichwa kimeegemea ukuta, mpaka salio likaisha.