Siku Jiometri Ilipofika Shambani Mpui

Mwanangu, ipo siku moja shambani kwetu Mpui ambayo hainitoki kichwani. Nilikuwa nasoma sekondari, na neno jiometri sikutaka hata kulisikia. Najua nawe hulipendi. Tulia, nitafika huko.

Ilikuwa ile miaka ya soko huria, malori ya wafanyabiashara yanapanda hadi kwetu Ufipa kutafuta mahindi na ulezi, na kila kipande cha ardhi kikaanza kugombewa. Baba na Mzee Masanja, Msukuma aliyekuja na ng'ombe wake, walikuwa wamefyeka pori pamoja, kutoka kijitoni hadi barabarani, wakagawana nusu kwa nusu. Sasa kilimo chetu unakijua: mwaka huu unafukia majani ndani ya tuta la mviringo, mwaka unaofuata unalivunja na kusambaza udongo ili upande ulezi. Basi hata tuta la mpaka likavunjwa. Kila mmoja akapima kwa hatua zake na kuchomeka kigingi chake, Baba mfupi, Masanja mrefu kama nini, wakakosana vibaya. Masanja akasema atahama. Mama akalia, maana mke wa Masanja ndiye aliyemuuguza alipojifungua mdogo wangu.

Nikamwendea Padre Kasiano, mwalimu wetu wa hesabu. Mfipa mwenzetu, Kigiriki alikisoma seminari, na jamani, yule mtu alijua kufundisha! Alikuja kwa baiskeli, akasalimiana na wazee, akaomba kamba za ng'ombe ziungwe ziwe moja. Zikiwa zinafungwa akawaeleza kwamba mita tunayoitaja dukani imetoka kwa Wagiriki, kwao metron ni kipimo. Na kilo imetokana na neno lao la elfu, ndiyo maana kilomita ni mita elfu. Kisha akanigeukia mimi.

"Na jiometri ni kupima ardhi, basi. Wagiriki wenyewe walisimulia kuwa elimu hiyo ilianzia Misri. Mto ulikuwa ukifurika kila mwaka, unafuta mipaka ya mashamba, watu wanapima upya."

Baba akaguna. "Kumbe na wao walikuwa wakulima?"

Mimi nimeduwaa. Neno lililonitesa darasani lilikuwa limezaliwa na shida hii hii ya kwetu! Nilitamani nijue yote anayoyajua yule padre.

Wakaivuta kamba kutoka kijitoni hadi barabarani, Padre akaikunja katikati, wakaivuta tena. Nusu ikaangukia ndani ya ulezi wa Baba. Alikuwa amevuka mpaka bila kujua. Wote tukamwangalia. Baba akaking'oa kigingi chake, akaenda kukichomeka pale kamba ilipoishia.

"Masanja, ulezi huo ni wako. Usihame."

Masanja akamshika mkono. Hawakuhama.

Kwa hiyo, mwanangu, ukikutana na neno kubwa shuleni usilikimbie. Uliza lilizaliwa na shida gani ya watu. Utakuta kuna mtu alisimama shambani kwake, hajui mpaka uko wapi, akatumia akili. Jifunze kupima vizuri, na ukishapima, kubali. Mungu akujalie akili ya Padre Kasiano, na siku kipimo kitakapokukataa, akupe moyo wa kung'oa kigingi kwa mkono wako mwenyewe.